Mwaka Niliomshikia Dorka Nafasi

Simu ya kwanza siku ile aliipiga Mwanaisha, binti ya Bi Zuhura, saa moja asubuhi. Aliniambia mamake amefariki alfajiri, usingizini, na kwamba watamzika leo hii hii baada ya swala ya alasiri. Simu ya pili, nusu saa baadaye, ilitoka ofisi ya Waziri. Si Waziri mwenyewe, msiniulize. Alikuwa msaidizi wake, msichana mwenye sauti ya watu wa redio. "Shosho, Mheshimiwa amepata habari," akasema. "Amesema uambie familia wamngoje, anakuja." Mimi si nyanya yake, lakini nikaliacha hilo lipite. Nikamuuliza anakuja saa ngapi. "Ako na mkutano mpaka saa nane, halafu atatoka." Nikamwambia kwamba Waislamu hawaweki maiti kungoja mikutano. Nikamsikia akinong'ona na mtu, kisha akarudi kwenye simu: "Amesema wewe unamjua, utawaongelesha vizuri." Nilikata simu nikaketi kitandani na leso mkononi. Hasira niliyoisikia haikuwa ya siku ile, ilikuwa imenikaa zaidi ya miaka thelathini.

Watu wengi wanamjua Dorka, Waziri huyo, kutoka kwenye televisheni. Wanamjua kwa kilemba chake cha rangi ya machungwa, kwa sauti yake nzito inayonyamazisha uwanja bila kipaza sauti, na kwa hadithi ya mitungi ambayo huisimulia katika kila mahojiano. "Mimi nimetoka Kayole," husema. "Mimi nimepanga laini ya maji kabla jua halijatoka, najua taabu ya mwananchi." Mara ya kwanza kumsikia akisema hivyo nilikuwa kwenye cherehani yangu nikishona sare za shule, nikajichoma sindano. Kwa mwaka mzima tulioishi chumba kimoja, Dorka hakupanga foleni ya maji hata asubuhi moja. Aliyepanga ni mimi. Nilipanga mtungi wangu na mtungi wake, naye amelala, mguu mmoja nje ya blanketi langu. Siandiki haya ili nimharibie jina. Cheo chake alikipata kwa haki, na hilo nalo nitalisema. Lakini nimechoka, na mtu aliyechoka huanza pale panapomuuma.

Chumba chetu kilikuwa cha tatu kutoka langoni, kwenye ploti ya vyumba kumi na viwili vilivyozunguka ua wa saruji, huko Kayole, Nairobi, upande wa chini wa Spine Road. Kilikuwa na kitanda kimoja, pazia la maua lililogawa kitanda na jiko, stovu ya mafuta ya taa, na kamba ya kuanikia nguo iliyopita juu ya vichwa vyetu, hivi kwamba ukiinuka kitandani uso wako unakutana na soksi. Mimi nilikuwa nafanya kazi kwenye kiwanda cha nguo Industrial Area. Dorka alikuja kukaa wiki mbili akitafuta kazi. Wiki mbili zikawa mwezi, mwezi ukawa mwaka, na kazi sikuiona. Nilichoona ni kwamba alikuwa akirudi jioni akijua jina la kila mtu kuanzia stendi mpaka kanisani, nani anaumwa, mtoto wa nani amefukuzwa shule, na mume wa nani amehama. Akila omena na ugali wangu alinieleza yote hayo, halafu akiulizwa zamu ya kuosha sufuria ni ya nani alikumbuka kuna mtu aliahidi kumwona. Viatu vyangu vyeusi vya kisigino kifupi, vya kanisani, alivivaa zaidi yangu. Nikilalamika alisema, "Pris, wewe ukienda kazini unakaa kwa cherehani. Nani anaona miguu yako?" Na kilichoniudhi zaidi ni kwamba nilicheka.

Ukuta uliotutenga na chumba cha pili ulikuwa mwembamba, mtu akigeuka kitandani kule unajua. Huko aliishi Baba Oti na mkewe, na karibu kila jioni walikuwa na kesi: redio, chumvi, ndugu aliyekuja bila taarifa. Mimi nilikuwa najifanya sisikii. Dorka hakuwa na aibu hiyo. Alikuwa akisikiliza huku akitafuna, akishafikia mahali pa kuamua anagonga ukuta kwa kijiko. "Baba Oti, hapo umekosa. Ulimwambia utarudi na unga, hukurudi nao, sasa unauliza chakula kiko wapi?" Halafu sauti ya Baba Oti, ya chini: "Haya basi, Dorka. Nimesikia." Kisha alimgeukia mke: "Na wewe Mama Oti, hilo la mamake ungeliacha." Wakatulia. Nilimtazama nikajiuliza mtu huyu asiyeweza kurudisha kikombe mahali alipokitoa amepata wapi uwezo wa kuketisha nyumba ya watu kwa kijiko. Sasa naona kwamba pale ndipo nilipoanza kosa langu. Nilianza kuamini kwamba kusema ni kazi ya Dorka, na kazi yangu ni yale mengine yote.

Chumba cha kwanza, kando ya lango, kilikuwa cha Bi Zuhura. Alikuwa mjane, mtu wa Lamu aliyeolewa Nairobi, na alikuwa na mapatano na mwenye ploti: yeye atunze ua na bomba, naye aishi bila kulipa kodi. Ufunguo wa bomba aliufunga kwenye pindo la kanga. Akimaliza swala ya alfajiri alitoka, akafungua kufuli, na foleni ikaanza. Foleni yetu haikuwa ya watu, ilikuwa ya mitungi, ile ya njano ya mafuta ya kupikia. Uliweka mtungi wako ukarudi ndani kupika uji au kumwogesha mtoto, na hakuna aliyethubutu kuuruka, kwa kuwa mtungi ulikuwa ni mtu. Na kama mtungi wako haupo, jirani alikushikia nafasi. Alisema tu, "Hapa kuna mtu," hata kama mbele yake ni saruji tupu, na watu waliheshimu. Bi Zuhura ndiye aliyeweka sheria hiyo, akailinda kwa ulimi wake mpole ambao ulikata kuliko kisu. Asubuhi za Jumapili alipika mahamri na mbaazi za nazi, akatuita mimi na Dorka tukakaa kwenye mkeka wake. Chumba kilinukia ubani na iliki. Alituita wanawe, na mimi nilimpenda. Nalisema wazi kwa sababu wakati ule sikumwambia.

Mwaka ule maji yalikauka. Kwanza yakaja siku moja moja, kisha wiki nzima bila tone. Bomba lilipofunguliwa lilikohoa hewa tu. Kumbe kule ng'ambo ya barabara magari ya maji yalikuwa yanajaza kila siku nyuma ya ofisi ya maji ya mtaa, yanakuja kutuuzia maji yale yale. Kila mtu alijua, na kila mtu alinung'unika ndani ya nyumba yake. Wanaume walisema twende tukapige ofisi mawe. Kina mama walisema wakienda watashikwa, na watoto watabaki na nani. Jumapili moja tulikuwa kwenye mkeka wa Bi Zuhura, yeye anakanda unga wa mahamri kwa maji ya kikombe kimoja aliyoyatunza siku mbili, Dorka analamba mchuzi wa mbaazi kidoleni. Bi Zuhura akasema, bila hata kuinua macho, "Sasa nyinyi mwahangaika nini? Huku kwetu mtungi si ndiye mtu? Pelekeni mitungi ikapange foleni langoni kwao. Nyinyi kaeni nyumbani mpike. Polisi atamshika nani, mtungi?" Nikacheka. Dorka hakucheka. Kidole chake kilibaki mdomoni, na nilimwona akiangalia ukuta kama mtu anayesoma kitu kilichoandikwa pale.

Jumanne yake, kwenye mkutano wa kina mama uani mwa kanisa, Dorka alisimama akalisema lile jambo, na nikiri kwamba lilipotoka kinywani mwake lilikuwa kubwa kuliko lilivyotoka kwa Bi Zuhura. Kwa Bi Zuhura lilikuwa mzaha wa mtu anayekanda unga. Kwa Dorka kina mama walijiona tayari wamesimama langoni, wamenyooka, hawaogopi. Mama mmoja aliyekuwa hajawahi kufungua mdomo mkutanoni alisema ana mitungi minne. Mimi nilipewa kazi ya rangi: nikapiga jina la mwenyewe kwenye kila mtungi, kwa brashi, herufi kubwa, ili isipotee. Niliandika siku mbili, nikitoka kazini, mpaka vidole vikashikana. Jina la Bi Zuhura niliandika kwa uangalifu kuliko yote, rangi nyekundu, BI ZUHURA, na kistari chini yake. Yeye alisimama kando akitazama. "Mwandiko mzuri," akasema. "Hata wa mbali ataona." Mtungi wa Dorka niliandika mwisho, nikaubeba mwenyewe kwenda kule, kwa kuwa yeye alikuwa ametangulia kuzungumza na watu wa magazeti.

Ilikuwa kama alivyosema Bi Zuhura. Mitungi ilipangwa kutoka lango la ofisi mpaka kwenye kona ya barabara, ikapinda, ikaendelea. Hakuna mtu hata mmoja kwenye foleni. Askari walikuja, wakazunguka, wakauliza, "Hii ni ya nani?" Muuza mboga wa ng'ambo akawajibu, "Si mnaona majina? Waulizeni wenyewe." Gari la mkubwa wa ofisi halikuweza kutoka. Askari mmoja aliinua mtungi auondoe, na kina mama waliokuwa wamekaa mbali wakipepeta mchele wakapaza sauti pamoja: "Hapo kuna mtu." Akaurudisha chini. Siku ya tatu maji yalifika Kayole. Nilikuwa kazini, lakini nilirudi nikakuta ua umelowa, watoto wanaogeshwa na nyimbo, na Bi Zuhura amekaa kwenye kizingiti chake miguu ndani ya beseni, macho amefumba kwa raha.

Gazeti lilitoka siku iliyofuata. Dorka yupo ukurasa wa mbele, kilemba kichwani, amekaa juu ya mtungi ulioinamishwa, mkono mmoja juu, na chini ya makalio yake, herufi nyekundu zilizopigwa mstari, BI ZUHURA. Wake mwenyewe ulikuwa hatua tatu tu kutoka pale. Nilimuuliza kwa nini hakuukalia. "Nilikalia ule ulikuwa karibu," akasema. "Kwani kuna nini?" Kulikuwa na mengi. Wiki haikuisha, mwenye ploti akafika na gazeti mkononi. Watu wa ofisi ya maji walikuwa wamemwita wakamuuliza ni Zuhura gani wa ploti yake anayechochea watu, wakamwambia asipomtoa laini yake ya maji itakatwa. Naye akaenda kwa chifu kudai kwamba mlinzi wa bomba lake amemharibia kazi. Kesi ikapangwa Alhamisi, saa nne asubuhi. Kilichokuwa hatarini ni paa la mwanamke yule, na bomba, na kizingiti chake. Hakuwa na kwingine ila kwa dadake Ziwani, nyumba ambayo tayari ilikuwa imejaa.

Dorka aliapa. Alikaa kwenye mkeka ule ule, akamshika Bi Zuhura mikono yote miwili. "Mama, nitasimama mbele ya chifu niseme mtungi nilichukua mimi, na maneno yalikuwa yangu. Watanifanya nini? Sasa wananiogopa." Na ilikuwa kweli, walikuwa wanamwogopa. Neno moja lake lingetosha. Bi Zuhura akamwambia, "Fika mapema tu, mwanangu. Chifu hapendi kungoja." Alhamisi nikaomba ruhusa kazini. Asubuhi Dorka alivaa viatu vyangu, akasema anapita mjini mara moja, kuna watu wa chama wamemwita, atakuwa kwa chifu kabla ya saa nne. Nilimwamini. Hapo ndipo ninapojikasirikia mimi mwenyewe kuliko ninavyomkasirikia yeye.

Ofisi ya chifu ilikuwa chumba cha mabati chenye benchi tatu na picha ya Rais iliyopinda. Tulijaa. Mwenye ploti akasema yake. Chifu akauliza, "Nani atamsemea huyu mama?" Nikainuka. Nilijua kila kitu. Jina niliandika mimi, mtungi niliuona ukibebwa, nilikuwepo mkekani neno lilipotamkwa kwa mzaha. Nilikuwa na ulimi kama watu wengine. Nikasema, "Yuko njiani, Chifu. Mimi nimemshikia nafasi." Watu wakacheka, na hata chifu akatabasamu, maana kila mtu pale alijua desturi ile. Akasikiliza kesi nyingine kwanza, ya mbuzi. Akauliza tena. Nikasema, "Bado kidogo tu, hapa kuna mtu." Akasikiliza ya ukuta wa choo. Mara ya tatu alitazama saa yake akaniuliza kama mimi mwenyewe nina la kusema. Nikatazama mlangoni. Nilisimama pale na mdomo umefumbwa nikimlindia Dorka pengo lake, kana kwamba maneno ni maji na zamu yangu haijafika. Chifu akafunga faili. Mama ahame kabla ya mwisho wa mwezi.

Tulirudi kwa miguu. Bi Zuhura alisimama akanunua nyanya, akazichagua moja moja kama siku nyingine yoyote. Alichoniambia ni, "Umechoka na kusimama, mwanangu. Kakae." Hakusema zaidi, na ningependa kama angenitukana. Dorka alifika saa nane. Alisikia, akakaa chini kwenye saruji ya ua, akalia kwa kwikwi, na kilio kilikuwa cha kweli, sikatai. Siku ya kuhama alibeba godoro la Bi Zuhura kichwani mpaka kwenye mkokoteni, bila kuombwa. Wiki iliyofuata akawa mwenyekiti wa kamati ya maji ya mtaa mzima. Kabla mwaka haujaisha alihama chumba changu, na viatu vyangu vikahama naye.

Yaliyofuata mnayajua. Diwani, mbunge, mbunge tena, Waziri. Mabomba aliyaleta, hilo nalisema bila kulazimishwa. Mitaa ambayo haikuwahi kuona maji iliona, na yeye ndiye aliyepiga meza. Nimekunywa maji hayo. Nilipokuwa nikimtembelea Bi Zuhura Ziwani, kwenye zile nyumba za zamani za kuta nene, tulimwona Dorka kwenye televisheni akisimulia alfajiri zake za foleni. Mimi nilikuwa nasonya. Bi Zuhura alicheka mpaka kanga ikamdondoka begani. "Mwache mtoto wa watu. Umesahau alivyokuwa anakoroma?" Kila Ramadhani Dorka alimpelekea mchele na sukari katika mifuko yenye picha ya uso wake, na Bi Zuhura alikata mifuko ile akatengeneza vifuniko vya vyungu, hivyo kila ukitaka mchuzi unamwinua Mheshimiwa kwanza. Lakini yeye mwenyewe hakufika. Kila mwaka alikuwa njiani. Bi Zuhura hakulalamika hata mara moja, na mimi nililalamika kwa niaba yake, kazi ambayo hakunipa.

Basi siku ya mazishi nilijifunga leso kichwani nikaenda Ziwani. Kina mama walikuwa ndani kwenye mikeka, kisomo kikiendelea. Maiti ilikuwa imekoshwa na kukafiniwa. Wanaume walikuwa nje chini ya turubai, na jeneza lilikuwa tayari. Saa tisa na nusu msichana wa Waziri akapiga tena: wametoka, lakini Jogoo Road imejaa. Alasiri ikaadhiniwa, wakaenda kuswali, wakarudi. Kisha nikaona kunong'onezana. Swaleh, mume wa Mwanaisha, alikuja akasimama kwenye mlango wa chumba cha kina mama, akitazama chini kwa heshima. Si mtu mbaya. Ana kijana aliyemaliza chuo anayekaa tu nyumbani, na Waziri haji nyumbani kwako kila siku. "Anti Priska," akasema, "imamu anataka tuondoke. Lakini nimesikia Mheshimiwa amesema tumngoje. Wengine wanasema kungoja muda wa saa moja si mbaya. Wewe ndiye unamjua. Atafika?"

Mwanaisha alinitazama, macho mekundu, mikono juu ya magoti kama alivyokuwa akikaa mamake. "Mama alisema asicheleweshwe," akasema polepole, si kwangu hasa. Nami nikajikuta nimeinuka, magoti yakilia, na nikahisi ile benchi ya kwa chifu nyuma ya miguu yangu. Neno lilikuwa tayari mdomoni, lile lile, yuko njiani. Nililisikia likija. Nikalimeza. "Swaleh, mwanangu," nikasema, "mimi namjua kuliko mtu yeyote hapa, na mimi nasema msingoje. Huyu mama amemngoja vya kutosha. Mtoeni." Sauti yangu ilikuwa kubwa kuliko nilivyotaka. Swaleh alinitazama kidogo, akaitikia kwa kichwa. Wakaingia wakamchukua. Sisi wanawake tulibaki, kama ilivyo kwao, tukasikia sauti za wanaume zikienda zikififia kuelekea makaburini Kariokor. Ndipo nikalia. Nililia kwa uchungu wa Bi Zuhura, na nililia pia kwa kuwa lilikuwa jambo rahisi hivyo, kusema maneno machache, na nilikuwa nimelingoja maisha yangu yote.

Dorka alifika saa kumi na moja na robo. Walinzi walibaki langoni. Alivua viatu, akapita katikati ya kina mama akishika mikono, akajua majina ya watu ambao hajawaona miaka, na nyuso zikafunguka alipopita. Bado anao, ule uwezo wa kijiko. Halafu akatazama chumba, akaona hakuna kitu katikati. Akaja akakaa kando yangu. "Pris, si ungenishikia?"

"Kukushikia nini?"

"Ungewaambia tu wangoje kidogo."

"Niliwaambia wasingoje."

Akanigeukia. "Wewe?"

"Mimi."

Dorka akaokota uzi kwenye mkeka akauzungusha kidoleni. "Siku ile ya chifu," akasema, sauti ya chini ambayo televisheni haiijui, "unadhani nilisahau? Sikusahau. Watu wa chama walikuwa wananipatia ule uenyekiti. Nilijua nikitoka kwa hiyo ofisi watampatia mtu mwingine. Niliangalia saa ya ukutani, ikafika saa nne, nikakaa." Miaka yote niliudhania uchelewaji wake kuwa ni maradhi, kitu alichozaliwa nacho, nikauvumilia kama mtu anavyovumilia kikohozi cha ndugu. Kumbe siku ile aliitazama saa. Nilikasirika upya, hasira mpya kabisa, na papo hapo nikamwonea huruma, kwa sababu ameishi nalo peke yake. "Ungemwambia yeye," nikasema. "Nilikuwa nakuja kumwambia," akajibu. Nilimwamini, na haikusaidia kitu.

Mwanaisha akatuita tukanawe, chakula kiko tayari. Maji ya Ziwani siku hizi nayo ni ya kubembeleza, bomba la uani lilikuwa linatoa uzi mwembamba, kwa hiyo kina mama walikuwa wamepanga foleni. Mmoja akasema, "Mheshimiwa, pita mbele." Dorka akainua mkono. "La, la. Mimi ni mtu wa Kayole, nitapanga laini." Walifurahi, mtu akampiga picha. Alisimama mbele yangu hasa, kilemba chake cha machungwa kikinizibia bomba, miguu mitupu kwenye saruji, na kwa dakika moja tulikuwa wawili tena kwenye ua ule mwingine. Nilikaribia kumwambia kwamba nilikuwa nimemkumbuka. Kisha simu yake ikalia. Akaitazama, akatoka kwenye foleni, akaniwekea mkono begani bila kuniangalia. "Nishikie hapa, Pris. Dakika moja tu."

Akaenda kando ya ukuta akizungumza. Foleni ikasonga, na mbele yangu pakabaki pengo la mtu mmoja. Mama aliyekuwa nyuma yangu akanigusa kiwiko, akauliza kwa adabu, "Dada, hapo kuna mtu?"

"Hakuna," nikasema, nikasogea.